Mpaka wa Shamba na Mlango wa Mahakama

Kesi ya mpaka wa shamba ni kesi ambayo viongozi wengi huiona kuwa ndogo. Majirani wawili wanagombania hatua chache za ardhi. Mmoja anadai mwenzake amesogeza mpaka wakati wa kulima, mwingine anajibu kwamba hapo ndipo marehemu baba yake alipopanda migomba. Kiongozi husikiliza, huwaambia wapatane, kisha huendelea na shughuli anazoziona kuwa za maana zaidi. Makala haya yanapinga mtazamo huo. Ardhi ni njia ya kwanza ya uzalishaji mali katika nchi ya wakulima, na shauri la ardhi ni mahali ambapo dola hukutana ana kwa ana na mkulima na kumwambia kama kazi ya mikono yake inatambuliwa au haitambuliwi.

Katika kila shauri la ardhi kuna maswali mawili. La kwanza ni nani mwenye haki. La pili ni kitu gani kitakubaliwa kuwa ushahidi, na nani mwenye mamlaka ya kuusikiliza. Swali la pili hutangulia, ingawa halisemwi kwa sauti, na historia ya nchi yetu inaonyesha kwamba walioshika uwezo wa kulijibu ndio walioshinda pia katika lile la kwanza. Kwa hiyo historia ya mashauri ya ardhi haiwezi kuandikwa kama orodha ya sheria tu. Hapana budi iandikwe kama historia ya mapambano juu ya ushahidi.

MASALE NA WAZEE

Kabla ya kuja kwa wakoloni mipaka ilikuwapo, na mashahidi wake walikuwapo. Katika Kilimanjaro mpaka wa kihamba uliwekwa kwa kupanda masale, mmea usiokufa upesi na unaochipua tena hata ukikatwa. Katika nchi ya Wahaya ulitumika mmea wa jamii hiyo hiyo. Kwingine alama ilikuwa mto, kichuguu, mti mkubwa, njia ya ng'ombe au kaburi. Alama peke yake haikutosha. Nguvu yake ilitokana na watu: jirani aliyekuwapo ilipopandwa, mzee aliyegawa eneo, ukoo uliokumbuka nani alimpokea nani na kwa masharti gani. Shauri lilisikilizwa pale pale shambani, na shahidi alionyesha kwa kidole.

Wapo wanaotaka tuamini kwamba hali hiyo ilikuwa ya usawa mtupu. Sivyo. Mahali pengi mwanamke alilima maisha yake yote pasipo kuhesabiwa kuwa na neno juu ya mpaka. Na zipo sehemu ambako ukabaila ulikuwa umekwisha kuota mizizi. Mfano ulio wazi ni nyarubanja ya Bukoba. Mtawala aliwapa jamaa zake na watumishi wake maeneo makubwa ya migomba, pamoja na watu waliokuwa wakiishi humo. Mwenye eneo aliitwa mtwazi, na mkulima aliyekutwa ndani yake akawa mtwarwa, anayetoa mazao na kazi ili aendelee kukaa kwenye shamba ambalo pengine babu yake ndiye aliyelifyeka. Akitokea mtwarwa wa kudai kwamba shamba ni lake, shauri lilipelekwa kwa mtawala yule yule aliyeligawa. Huo haukuwa mlango wa haki. Jaji na kabaila walikuwa mtu mmoja.

MKOLONI NA MZIGO WA USHAHIDI

Wajerumani walipoingia hawakuhangaika kushinda kesi za ardhi mojamoja. Walibadilisha mahali pa kuanzia. Amri ya Kaisari ya tarehe 26 Novemba 1895 ilitangaza kwamba ardhi ya Afrika Mashariki ya Kijerumani ni ya Taji kama haina mwenyewe, isipokuwa pale ambapo mtu binafsi, mtawala wa jadi au jumuiya ya wenyeji ingeweza kuthibitisha haki yake. Tuyapime vizuri maneno hayo. Hayakusema Mwafrika hana haki. Yalisema athibitishe. Na mbele ya ofisa wa kigeni mwenye ramani na muhuri, isale halikuwa uthibitisho, wala mzee wa ukoo hakuwa hati. Setla aliyekuja na karatasi ya kununua kutoka serikalini hakuwa na la kuthibitisha, karatasi ilimsemea. Hivyo ndivyo ardhi nzuri ya Usambara, Kilimanjaro na Meru ilivyochukuliwa kisheria, kwa maana ya sheria ya aliyeichukua.

Waingereza waliendeleza msingi huo kwa lugha laini zaidi. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1923 ilifanya ardhi yote kuwa ya umma chini ya mamlaka ya Gavana, huku milki za kudumu zilizotolewa wakati wa Wajerumani zikilindwa. Mwaka 1928 sheria ilirekebishwa ili haki ya kukalia ardhi ihesabu pia ile ya mwenyeji aliyekaa kwa mila na desturi. Kwa kusoma juu juu mtu angesema hiyo ilikuwa hatua mbele. Katika vitendo haki ya kimila ilibaki kuwa kama hisani. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 mahakama za kikoloni zilifikia kusema kwamba ukaaji wa mwenyeji kwa mila ni wa kuruhusiwa tu. Mtu aliyezaliwa juu ya ardhi akawa mgeni wa serikali iliyomkuta hapo.

Kuhusu vyombo vya kusikiliza mashauri, sheria ya mahakama za wenyeji ya mwaka 1929 inastahili kusomwa na kila kada. Mahakama za machifu zilitolewa chini ya usimamizi wa Mahakama Kuu, na rufaa zake zikapanda kwa Bwana Shauri wa wilaya, kisha kwa mkuu wa jimbo, hadi kwa Gavana. Mkulima aliyedhulumiwa mpaka na ndugu wa chifu alianza kwa chifu. Akishindwa, alikata rufaa kwa ofisa ambaye utawala wake wote ulisimama juu ya mabega ya chifu huyo huyo. Maofisa hao walijisifu kwamba mashauri yalikwenda upesi na bila mawakili. Ni kweli yalikwenda upesi.

Palipohusika maslahi ya masetla hapakuwa hata na kesi. Mwaka 1951 serikali ya mkoloni iliwaondoa Wameru wapatao 3,000 kutoka Engare Nanyuki ili eneo hilo liwe la mifugo ya Wazungu. Hakuna hakimu aliyewauliza mpaka wao ulipita wapi. Wameru walichanga fedha, na mwaka 1952 Kirilo Japhet alisimama mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa mjini New York, akisaidiwa na wakili Earle Seaton. Ardhi haikurudishwa kwa hotuba ile, lakini kesi iliyokosa mahakama nyumbani ilipata wasikilizaji ng'ambo, na kila mpigania uhuru wa Tanganyika alijifunza kitu hapo. Suala la ardhi lilikuwa limekwisha kuwa suala la utawala.

UHURU NA KUVUNJWA KWA MILANGO YA ZAMANI

Serikali ya TANU ilivunja milango hiyo kwa muda mfupi. Mwaka 1963 utawala wa machifu ulifutwa. Mwaka huo huo milki za kudumu ziligeuzwa kuwa ukodishaji wa serikali wa miaka 99, na mwaka 1969 ukodishaji huo nao ukafanywa haki ya kukalia ardhi yenye masharti ya kuiendeleza. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963, iliyoanza kutumika Julai 1964, iliondoa ubaguzi wa mahakama ya Mwafrika na mahakama ya Mzungu. Ngazi ikawa moja, kuanzia Mahakama ya Mwanzo hadi Mahakama Kuu. Kwa mara ya kwanza kesi ya mkulima juu ya kihamba chake ingeweza kumfikia jaji bila kupita mezani kwa mtawala wa wilaya.

Hatua ya mwaka 1965 ndiyo iliyogusa unyonyaji wenyewe. Sheria ya nyarubanja ya mwaka huo ilimkomboa mtwarwa na kumfanya mwenye haki juu ya shamba alilokuwa akilitunza, na mwaka 1968 sheria nyingine ikaeneza ukombozi huo kwa ukodishaji wa kimila wa sehemu nyingine. Hapa jibu la swali la ushahidi lilibadilika kabisa. Hapo zamani mtwazi alileta ushahidi wa nani alimpa eneo. Sasa swali likawa nani analilima. Ni mara chache katika historia ya sheria zetu ambapo jasho limewekwa wazi namna hiyo mbele ya zawadi ya mtawala.

Pamoja na hayo iko kanuni ya miaka 12, ambayo wengi huitaja na wachache huielewa. Kanuni za mwaka 1964 za mashauri ya kimila, na baadaye Sheria ya Ukomo wa mwaka 1971, zinasema anayetaka kurudishiwa ardhi afungue shauri kabla ya miaka 12 kupita tangu haki yake ya kudai ilipoanza. Kiini chake si kibaya. Mtu aliyeliacha shamba, akamwona mwenzake akilifyeka, akilipanda minazi na kujenga juu yake, hawezi kuamka baada ya nusu ya umri wa mtu na kudai kila kitu. Lakini kanuni hiyo hailindi kila aliyekaa muda mrefu. Mahakama Kuu ilieleza tangu mwaka 1969, na Mahakama ya Rufani imekwisha kurudia, kwamba mualikwa hawezi kumfukuza aliyemwalika, hata akae miaka mingi kiasi gani. Aliyepewa sehemu ya kulima mihogo kwa wema wa jirani anabaki mualikwa. Ndiyo maana katika mashauri haya neno moja la shahidi, "aliazimwa" au "alipewa", huweza kuamua urithi wa vizazi vitatu. Na wema wa kuazimana ardhi vijijini karibu daima ulifanywa kwa mdomo.

VIJIJI, NA WALIORUDI KUDAI

Sasa tufike mahali pagumu, ambapo makada wengi hupita upesi. Kati ya mwaka 1973 na 1976 wananchi walihamishiwa vijijini kwa mamilioni. Kufikia mwaka 1977 waliokuwa wakiishi katika vijiji walikuwa zaidi ya milioni 13. Lengo lilikuwa kujenga maisha ya pamoja, kupeleka shule, zahanati na maji mahali ambapo watu wapo. Lengo hilo lilikuwa sahihi na matunda yake yapo. Lakini kila kijiji kipya kilisimama juu ya ardhi, na ardhi hiyo mara nyingi ilikuwa na mtu. Mashamba yaligawanywa kwa kamba na hatua za miguu. Aliyekuwapo alipoteza, aliyekuja alipata, na katika vijiji vingi hakuna kumbukumbu iliyoandikwa ya nani alipewa nini kutoka kwa nani. Sheria ya Vijiji ya mwaka 1975 ilikipa kijiji serikali yake na sura yake kisheria. Haikusema wazi haki za zamani za kimila zimekwenda wapi.

Kwa miaka kama kumi jambo hilo lililala. Siasa ya wakati ule ilikuwa na nguvu, na waliopoteza walinyamaza. Katikati ya miaka ya 1980, hali ya uchumi ilipobadilika na ardhi ikaanza kupata bei, walianza kurudi. Hawakurudi na mapanga. Walirudi na hati za madai. Walikwenda mahakamani wakasema: shamba hili lilikuwa la baba yangu kwa mila, na hakuna sheria iliyoniondolea. Mahakimu walitafuta sheria hiyo wakaona kweli haipo. Mashauri mengi yakaenda kwa waliodai, na familia zilizokuwa zimelima mashamba hayo tangu operesheni zikaambiwa ziondoke.

Serikali ilishtuka, na haikushtuka bure. Mwaka 1987 ilitolewa amri ya kufuta haki za kimila katika vijiji vya Mkoa wa Arusha, ambako mashauri yalikuwa mengi. Mwaka 1992 Bunge likatunga Sheria Na. 22, iliyofuta haki za kimila zilizokuwapo kabla ya vijiji, ikazuia fidia kwa kufutwa huko, ikasimamisha kesi zilizokuwa zikiendelea na kuzuia hukumu zilizokwisha kutolewa zisitekelezwe. Kwa maneno mengine mlango wa mahakama ulifungwa kwa kufuli, hata kwa waliokwisha kuingia ndani.

Baba na mwanawe wa kijiji cha Kambi ya Simba, katika wilaya ya Mbulu ya wakati huo, walikuwa wamefungua shauri katika mahakama ya Arusha mwezi Januari 1987 kudai shamba lao, wakashinda na kukabidhiwa. Rufaa dhidi yao ilikuwa bado haijasikilizwa sheria hiyo ilipotungwa. Walikwenda Mahakama Kuu kuipinga kwa msingi wa Katiba, na wakashinda. Mwanasheria Mkuu alikata rufaa. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliamua kwamba haki ya kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba, kwamba haiwezi kuondolewa bila fidia ya haki, na kwamba wananchi hawawezi kuzuiwa kuifikia mahakama. Upande wa serikali ulikuwa umejenga hoja iliyofanana na ile ya mahakama za kikoloni, kwamba haki ya kimila si mali. Jaji Mkuu alionya kwamba kama hoja hiyo ni sahihi, basi wengi wa wakazi wa Tanzania Bara ni wavamizi tu katika nchi yao wenyewe. Mahakama ilitambua pia kazi: mtu aliyeitia ardhi jasho lake anastahili ulinzi na fidia hata pale ambapo hakuna jengo wala mazao ya kudumu ya kuhesabu.

Wapo ndugu wanaosema hukumu hiyo ilitetea mali ya mtu binafsi dhidi ya ujamaa. Sikubaliani nao. Hoja ya kwamba Mwafrika hakai kwa haki bali kwa ruhusa ilitoka katika amri ya 1895, na Chama kilichozaliwa kuipinga amri hiyo hakiwezi kuiazima, hata kwa nia njema. Lakini pia sikubaliani na wanaoisherehekea hukumu kana kwamba ilimaliza tatizo. Aliyehamishwa mwaka 1974 alikuwa mkulima. Aliyepewa shamba lake naye alikuwa mkulima, wala hakuliomba. Aliambiwa lime hapa, akalima, akazika watoto wake hapo. Mtwazi hayumo katika kesi hii. Wamo watu wawili wa tabaka moja, wenye jasho juu ya udongo mmoja, na mahakama inaweza kumpa mmoja tu. Kazi ya kumtafutia wa pili ardhi nyingine au fidia haikuwa ya hakimu. Ilikuwa ya chombo kilichogawa, na ilipaswa kufanywa na kuandikwa kabla ya kamba kunyooshwa. Kufunga mahakama mwaka 1992 kulikuwa ni kujaribu kufuta deni kwa kuvunja daftari.

Kabla ya hapo, mwaka 1990, Mahakama Kuu ya Mwanza ilikwisha kufungua mlango mwingine. Jaji James Mwalusanya aliamua kwamba mwanamke wa Kihaya aliyerithi shamba la ukoo anaweza kuliuza kama mwanamume, ingawa mila iliyoandikwa mwaka 1963 ilimkataza. Makada tuliowafundisha vijijini wanajua jinsi hukumu hiyo ilivyopingwa kwenye mabaraza ya pombe, na jinsi waliopinga walivyokuwa karibu wote ni kaka.

SHAURI LIRUDI SHAMBANI

Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji za mwaka 1999, zilizoanza kutumika tarehe 1 Mei 2001, ziliweka haki ya kimila na haki ya kupewa na serikali katika hadhi sawa. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya mwaka 2002, iliyoanza kutumika Oktoba 2003, ikajenga ngazi ya pekee: Baraza la Ardhi la Kijiji, Baraza la Kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu, na mwisho Mahakama ya Rufani. Baraza la kijiji lina wajumbe saba, watatu kati yao wanawake, na kazi yake ni kusuluhisha. Halimlazimishi mtu kukubali neno lake. Baraza la Kata lilipewa uwezo wa kuhukumu mashauri ya thamani ndogo, lakini mwaka 2021 Bunge liliuondoa. Sasa Kata inasuluhisha tu, na usuluhishi ukishindikana ndani ya siku 30 mlalamikaji anaweza kwenda Wilayani.

Baadhi ya viongozi waliliona badiliko hilo kuwa ni kuwanyang'anya wananchi chombo chao. Mimi naona lililopotea ni umbali mfupi. Mashauri mengi ya Baraza la Kata yalikuwa yakibatilishwa juu kwa sababu wajumbe hawakutimia, au wanawake hawakuwamo kwa idadi inayotakiwa, au mjumbe alibadilika katikati ya shauri. Mkulima alishinda kwenye Kata, akashinda Wilayani, kisha baada ya miaka mingi akaambiwa na Mahakama Kuu aanze upya. Ushindi wa namna hiyo unakula ng'ombe mmoja baada ya mwingine. Lakini pia ni kweli kwamba baraza la Wilaya liko mbali, na mwenye nauli hushinda kwa kumchosha asiye nayo. Mwaka 2021 huo huo sheria iliifanya lugha ya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama. Mkulima anayeweza kuisoma hukumu yake mwenyewe anajua ni wapi ameshindwa, na kwa hiyo anajua akate rufaa juu ya nini.

Katika ngazi zote hizo mashauri ya mipaka huanguka zaidi kwa sababu moja: hati ya madai haisemi ardhi inayogombaniwa ni ipi. Mdai huandika "ekari mbili zilizopo kijijini", na hakimu huamua ekari mbili ni zake. Dalali wa mahakama anapofika kukaza hukumu haoni pa kuanzia, na pengine huvunja nyumba ya mtu ambaye hakuwa hata katika shauri. Sheria inataka ardhi ielezwe kwa mipaka au kwa namba za upimaji. Kama eneo limepimwa, namba za kiwanja na za alama za upimaji zitajwe. Kama halijapimwa, zitajwe pande zote nne: mashariki kuna nani, magharibi kuna nini, alama ni mti gani, umri wake, na nani aliupanda. Elimu hiyo inawezekana kabisa kwa mtu yeyote anayejua shamba lake.

Hakimu naye anaruhusiwa kwenda kuliona eneo, ingawa si kila mara. Mahakama ya Rufani iliweka utaratibu mwaka 1980, mwaka mmoja tu baada ya kuundwa kwake. Ziara iwe kwa sababu ya lazima. Pande zote ziwepo pamoja na mashahidi wanaohusika, yanayoonekana na kusemwa yaandikwe, kisha yasomwe mbele ya wote ili mwenye la kupinga apinge. Utaratibu ukivunjwa, hukumu nayo huweza kuvunjika. Pamoja na ugumu wake, naiona kanuni hiyo kuwa mahali ambapo sheria ya kitaalamu imekubali kurudi kwenye isale. Karatasi inakwenda shambani kumsikiliza mzee anayeonyesha kwa kidole, badala ya mzee kwenda kwenye karatasi na kuambiwa hana ushahidi.

Kuhusu hati ya hakimiliki ya kimila, watu huisifu kwa mikopo ya benki. Faida yake iliyo karibu zaidi iko katika uhakiki unaoitangulia. Siku ile majirani wote wanasimama kwenye mpaka, wajumbe wa kamati wapo, wanawake wa nyumba wapo, na kila mmoja anakubali au anakataa mbele ya mwenzake. Hapo ndipo ugomvi hupatikana kwa bei nafuu kuliko mahali pengine popote. Kijiji kinachofanya uhakiki kwa haraka ili kitimize idadi ya hati zilizopangwa kinajitengenezea kesi za miaka ishirini ijayo, na safari hii zitakuwa kesi zenye mihuri.

Limebaki jambo moja linalotuhusu sisi wenyewe. Mwananchi mwenye kilio cha shamba mara nyingi haendi kwanza barazani. Huenda kwa balozi, kisha tawini, kisha kwa katibu wa wilaya, na kila mahali hupokewa vizuri na kuambiwa suala lake linashughulikiwa. Barua huandikwa na kamati huundwa. Miaka hupita kwa heshima. Siku anapochoka na kufungua shauri, mdaiwa huinuka na kueleza kwamba miaka 12 imekwisha. Mahakama humwuliza alikuwa wapi. Hutoa barua zenye muhuri wa Chama, moja baada ya nyingine, na huambiwa kwamba mazungumzo na malalamiko nje ya mahakama hayasimamishi hesabu ya muda. Katibu aliyepokea barua ya kwanza alikuwa na wajibu wa kumwambia hivyo siku ile ile, na kumwelekeza penye Baraza.